Uliza Shangazi wa Sinema: Törőcsik Mari na zile barua za uongo

Toleo lililopita niliandika mistari mitatu tu kuhusu mwigizaji mmoja wa Hungaria, Törőcsik Mari, vile nilikaa na filamu zake Jumamosi usiku stima zikipotea zikirudi mpaka majogoo, na sikutarajia kitu. Barua zimekuja, za karatasi na za simu, nyingi mpaka nimeamua safu yote ya mwezi huu iwe yake. Wengine mmeuliza mambo ya sinema, wengine mmeuliza mambo yenu mkayafunika na swali la sinema, na nyinyi pia nimewasikia. Barua ndefu nimezipunguza kidogo. Majina nimeyaacha vile mlitaka.

Shangazi habari. Jina la huyo mama linasomwa aje? Mimi na beshte yangu tulibishana tukiwa kwa matatu mpaka makanga akaingilia. Na ni nani haswa, mbona hatujawahi kumsikia? – Kijana wa Kayole

Habari njema mwanangu. Wahungaria huanza na jina la ukoo, kwa hivyo kwao yeye ni Törőcsik Mari, ukitoka nje ya nchi yao utakuta wamegeuza, Mari Törőcsik. Hiyo cs ni ch yetu kabisa, ile ya chai na chapati. Hizo o zenye madoido juu, weka ulimi kama unasema e halafu viringa midomo kama unasema o, na ile ya pili uivute kidogo. Ukishindwa sema Terechik, mtu wa Budapest atajua unamtaja nani.

Alizaliwa tarehe 23 Novemba 1935 kijiji kinaitwa Pély, huko kwa tambarare mashariki mwa Budapest, akafariki tarehe 16 Aprili 2021 akiwa na miaka 85. Hapo katikati alicheza filamu zaidi ya mia moja, na jukwaani aliingia Jumba la Maigizo la Taifa la Budapest mwaka 1958. Kossuth, ambayo ndiyo tuzo kubwa ya nchi yao kwa watu wa sanaa, alipewa mara mbili, 1973 na 1999. Mwaka 2000 walipoanzisha cheo cha Mwigizaji wa Taifa yeye alikuwa kati ya wale wa kwanza kabisa kukipata.

Kwa nini hujamsikia? Ile Nairobi nilikulia mimi, ukienda Odeon ama Shan ulikuta Wahindi, makauboi na watu wa kareti, na tuliwapenda kweli, lakini filamu za upande ule wa Ulaya zilikuwa hazifiki kwetu. Kwa hivyo hukuzembea. Anza na ile ya mwanzo, inaitwa Körhinta, ya 1956, ambayo msomaji anayefuata ananiuliza.

Shangazi, uliandika filamu yake ya kwanza inahusu msichana na shamba la babake. Nieleze vizuri. Niko na mtu nampenda, nilipompeleka nyumbani mzee alimuuliza kwao wana ekari ngapi kabla hajamuuliza jina. – Wambui, Kikuyu

Wambui, nilisoma barua yako mara mbili, hapo kwa ekari nikasimama.

Körhinta maana yake ni ile bembea ya kuzunguka, sio merigo ya chama, ile ya kwenye maonyesho pale Jamhuri Park, viti vinaning'inia kwa minyororo, mashine ikishika kasi viti vinaruka nje na watoto wanapiga nduru. Dairekta anaitwa Fábri Zoltán. Waliipiga 1955, Mari akiwa bado mwanafunzi wa chuo cha uigizaji, na hata jina la msichana kwa filamu ni hilo hilo, Mari. Babake ni mkulima, alikuwa amejiunga na ushirika wa serikali akatoka, sasa anataka kushikana na jirani anayeitwa Farkas Sándor, na njia ya kushikana ni kumwoza huyo jirani msichana wake. Kwa mzee hiyo ni hesabu rahisi, shamba linaolewa na shamba. Lakini msichana anampenda Máté, kijana wa ule ushirika babake ametoroka.

Sasa kuna mahali pawili hapo ningekuwa karibu ningekukalisha chini tuangalie pamoja. Pa kwanza ni sokoni, Mari na Máté wamepanda bembea, kamera nayo imepanda nao, unaona uso wa huyu msichana upepo umeshika nywele, anacheka, anaogopa, halafu anacheka tena, na Máté anamuita kwamba wanaruka. Hakuna kitu kikubwa kinasemwa lakini ukitoka hapo unajua huyu msichana hawezi rudi kuwa mali ya mtu. Pa pili ni arusini kwa watu, Máté anakuja anamchukua Mari mbele ya huyo mchumba aliyechaguliwa na babake, wanacheza chardashi, ngoma yao ya kuzunguka, wanazunguka wanazunguka, watu wote kimya wakiwatolea macho, na wewe unaona ni ile bembea imerudi ndani ya nyumba ya watu, wakati huu hakuna mashine, ni miguu yao tu. Mwisho anamwambia babake hapana, anaenda kwa Máté.

Nikuambie ukweli, filamu ina siasa ya wakati wake, ushirika unaonyeshwa ni mzuri na mkulima wa peke yake ana makosa, na nyakati hizo serikali ya kule ndiyo ilitaka hivyo. Lakini uso wa msichana wa miaka 19 hauendi kwa siasa ya mtu. Mwaka huo wa 1956 filamu ilipelekwa Cannes, Ufaransa, tamasha kubwa la filamu, na hapo ndipo ulimwengu ulimjua. Ilipofika Oktoba watu wa Budapest wakainuka dhidi ya serikali, na Novemba vifaru vya Urusi vikaingia vikazima kila kitu. Huyo kijana aliyecheza Máté, Soós Imre, alifariki Juni 1957, miaka 27 tu. Mimi siwezi angalia ile ngoma ya arusi bila kukumbuka hilo.

Kuhusu mzee wako, umesema ni mtu wa kusikiza mamako kuliko kukusikiza wewe. Basi anza na mamako. Na huyo kijana arudi tena, aende na mjomba wake, asiende peke yake kama mtu anaomba kibarua.

Shangazi mimi ni mfanyakazi wa nyumba huku Kileleshwa. Mtoto akilala huwa naangalia filamu kwa simu. Uliandika huyo mama aliwahi kucheza hausigeli. Anafanya nini kwa hiyo filamu? – Nafula

Nafula dadangu, asante kwa kuandika, najua saa uliyoandika kwa sababu simu ilionyesha ni saa saba usiku.

Filamu ni Édes Anna, ya 1958, dairekta ni yule yule Fábri, imetoka kwa riwaya ya Kosztolányi Dezső ya 1926. Édes ni jina la ukoo la msichana, lakini kwa Kihungaria pia ni neno la kusema kitu ni kitamu, kwa hivyo ni kama wanamuita Anna mtamu kila siku huku wakimfanyisha kazi. Ni 1919 Budapest, serikali ya wakomunisti imeanguka juzi tu na matajiri wanatoa pumzi. Anna anatoka kijijini anaandikwa kwa nyumba ya Vizy, mzee mmoja mkubwa serikalini. Mama mwenye nyumba, ambaye anachezwa na Mezey Mária, na anamcheza vizuri mpaka unamchukia, maisha yake yote ametafuta mfanyakazi bila doa na sasa amempata. Anna anaamka kabla ya watu, anasugua, hajibu, haibi, haongei na wanaume. Mama anamsifu kwa majirani kama mtu amenunua kochi mpya.

Kwa kitabu kuna mahali wageni wamekuja, mama anamwita Anna mbele yao anampa keki, Anna anasema yeye hapendi. Basi hiyo inakuwa hadithi ya jioni nzima, wageni wanabishana kama mtu wa aina ile anaweza kweli kukosa kupenda keki. Nafula, wewe unajua hiyo sebule. Mimi pia naijua, nilikuwa naenda na mamangu likizo ya shule kwa nyumba aliyokuwa akifua, na nilipewa keki mbele ya watu.

Halafu anakuja kijana, mpwa wa mwenye nyumba, anamlaghai Anna, akipata mimba anamletea dawa ya unga ya kuitoa, halafu anaenda zake kama hakuna kilichotokea. Baadaye mwanaume mwingine wa heshima anataka kumuoa, na mama mwenye nyumba anafanya kila njia asiondoke, kwa sababu mfanyakazi kama huyo atampata wapi tena. Na usiku mmoja baada ya karamu, wageni wakishaenda, Anna anachukua kisu cha jikoni anawaua wote wawili.

Nakuambia mwisho mapema kwa sababu sitaki ukutane nao peke yako saa saba usiku kwa nyumba ya mtu. Na kitu Mari anafanya hapo ambacho sijaona kwingine, ni kwamba hakuonyeshi hasira ikipanda. Mwigizaji mwingine angekuwa anakaza taya tangu mwanzo ndio ujue kuna kitu kinakuja. Yeye anabeba maji, anafuta meza, anaitika ndiyo mama, na uso wake unazidi kunyamaza kidogo kidogo, hata wewe unayeangalia unaanza kumsahau kama vile wenye nyumba wamemsahau. Kisu kikitokea unashtuka halafu unaona aibu kwa nini umeshtuka. Alikuwa na miaka 22.

Umeandika pia chini ya barua kwamba hujawahi pewa siku ya kupumzika tangu Januari. Hiyo hukuuliza, lakini nimeisoma. Sheria ya kazi ya Kenya inasema kila mfanyakazi apate angalau siku moja ya kupumzika kwa kila siku saba, na wewe ni mfanyakazi kama karani wa benki. Nimekutumia kwa simu namna ya kupata chama cha wafanyakazi wa nyumbani, wapigie ukiwa nje ya hiyo nyumba.

Shangazi naomba usiandike jina. Mume wangu yuko rumande tangu Machi. Mamake yuko Vihiga, ana presha na miguu haimbebi, na ndugu wote walikubaliana asiambiwe. Mimi ndio hupiga simu kila Jumapili nasema ameenda Qatar kikazi. Mama akiuliza mbona hapigi mwenyewe nasema kambini hawaruhusiwi simu. Juzi akaniuliza kama huko wanapata ugali. Nikaanza kueleza, mpaka duka la Mkenya anayeuza unga, mpaka bei. Nilipokata simu nililia. Uliandika kuna filamu mke anaandika barua za uongo kama mimi. Aliishia wapi? Na mama alijua? – Rongai

Dada wa Rongai, nimeweka barua yako hapa katikati kwa sababu kusema kweli ni wewe uliyenifanya niache mengine yote.

Filamu inaitwa Szerelem, maana yake ni mapenzi, ya 1971, dairekta ni Makk Károly. Imetoka kwa hadithi mbili za Déry Tibor, mwandishi ambaye mwenyewe alifungwa baada ya mambo ya 1956, alihukumiwa miaka tisa, akaachiliwa 1960. Na Makk alisubiri miaka kadhaa kabla serikali imruhusu kuipiga. Hata yule anayecheza mume, Darvas Iván, alikuwa amewahi kukaa jela baada ya 1956. Kwa hivyo ukiangalia jua kwamba wanaocheza na walioandika hawakuwa wanakisia.

Mari anacheza Luca. Mumewe János amechukuliwa kwa mambo ya siasa na hajui kama yuko hai. Mama mkwe, anachezwa na Darvas Lili, ambaye alikuwa ameishi Marekani miaka mingi akarudi kwao kwa ajili ya hii filamu, yuko kitandani, ana zaidi ya miaka tisini, na amebakisha kitu kimoja cha kumfanya aamke asubuhi, huyo mtoto. Basi Luca anamwambia János yuko Marekani anatengeneza filamu. Anaandika barua yeye mwenyewe, anazileta kama zimetoka ng'ambo, na ndani anaweka mambo makubwa, sifa, majumba, watu wakubwa wanaomsubiri mwanawe. Mama anazisoma, anazirudia, anakosoa hapa na pale kama mama yeyote. Na huku nje Luca amefutwa kazi ya ualimu, wamemwekea watu wengine kwa nyumba yake, majirani wanamkwepa, hana pesa, na bado akienda kumwona mama lazima abebe maua.

Sasa sikiza kitu ambacho kilinikamata. Luca hana upole wa kupaka. Anabishana na huyu mzee, anamkatiza, kuna wakati anachoka na unaona amechoka, kuna wakati wanacheka wote wawili kama wasichana. Mari angeweza kumcheza mke mtakatifu, machozi kila saa, na sisi wote tungelia na kusahau. Yeye akamcheza mtu ambaye yuko kwa shifti. Anaingia kwa mlango, anavaa ule uso, anafanya kazi yake, anatoka, na kwenye ngazi uso unaanguka kwa sekunde moja tu halafu anaendelea na safari. Ni kama wewe na ile bei ya unga. Hiyo bei, dada, ndiyo Luca kabisa, kwa sababu uongo mkubwa hausimami bila vitu vidogo, na anayevitafuta hivyo vitu vidogo ni yule anayempenda mgonjwa.

Umeuliza mama alijua. Filamu haisemi wazi. Kuna macho fulani huyu mzee anamwangalia Luca, unaweza sema anajua yote na anaandika barua zake mwenyewe kwa kunyamaza. Mimi naamini alijua. Nitakuambia kwa nini naamini.

Babangu mdogo alichukuliwa usiku miaka ya themanini. Nyanyangu aliambiwa ameenda Mwanza kufanya kazi ya meli ziwani. Mamangu ndiye alikuwa anaandika barua, na mimi nilikuwa darasa la nne, ndiye msomaji, kwa sababu nyanya hakujua kusoma. Sikujua zimeandikwa jikoni kwetu. Nilikuwa nasoma kwa sauti, vile ziwa ni kubwa, vile wanakula samaki mpaka wanachoka, na nyanya alikuwa anasema, rudia hapo pa samaki. Akimaliza anazikunja anaziweka ndani ya mkebe wa Kimbo. Baba mdogo alirudi baada ya miaka mitatu, amekonda, hajui kukaa kwa kiti. Nyanya aliishi miaka sita baada ya hapo, na siku zote hizo hakumuuliza swali hata moja kuhusu Mwanza. Hata jina la meli hakuuliza.

Kwa filamu mama anafariki kabla mwanawe hajarudi. János anaachiliwa ghafla, bila maelezo, anaingia mjini akitazama barabara na miti kama mtu ambaye hajui kama ameruhusiwa kuangalia. Halafu anakutana na Luca. Hapo sitakueleza, uende uone mwenyewe uso wa Mari, sababu kazi yote ya filamu nzima, zile ngazi, yale maua, iko hapo na haisemwi. Cannes mwaka huo waliipa filamu Tuzo ya Majaji, na wakawataja kwa heshima hao wanawake wawili, Törőcsik na Darvas Lili.

Sitakuambia umwambie mama, wala sitakuambia usimwambie, wewe ndiye unasikia pumzi yake kwa simu. Ila hiyo kazi usiifanye peke yako. Ndugu wote walikubaliana lakini anayepiga ni wewe. Shemeji mmoja achukue Jumapili mbili kwa mwezi, mkubaliane kabla nini kimesemwa ndio msigongane. Na mume wako akiwa bado rumande anaweza kuandika barua. Mwambie aandike ya mama, kwa mkono wake, iwe ya kweli kadiri anavyoweza, kuhusu utoto wake, kuhusu chakula cha mama. Hapo kutakuwa na barua moja haina Qatar ndani.

Mimi nasomea uigizaji hapa Nairobi. Niliona alishinda Cannes. Alishinda na nini, na mbona hakuhamia Hollywood? – Otieno

Otieno, alishinda 1976, mwigizaji bora wa kike, mwenyekiti wa majaji akiwa Tennessee Williams, yule mwandishi wa tamthilia wa Marekani, na aligawana tuzo na Dominique Sanda wa Ufaransa. Filamu ni Déryné, hol van? ya dairekta Maár Gyula, ambaye pia alikuwa mume wake. Inahusu mwigizaji wa kweli wa miaka ya 1800, Déryné, mmoja wa nyota wa kwanza wa jukwaa la Hungaria, umri umesonga na sasa hawezi tena kucheza wasichana, aidha arudi kwa mume akae kama mama wa nyumbani au akubali nafasi za wazee. Mari alikuwa na miaka kama arobaini. Fikiria unaombwa ucheze hofu yako mwenyewe, na dairekta ni mume wako.

Lakini wewe kama mwanafunzi tafuta Szerelmem, Elektra ya 1974, ya Jancsó Miklós. Filamu nzima, zaidi ya saa moja, imepigwa kwa shoti kumi na mbili tu. Wachezaji ngoma, farasi, mamia ya watu kwenye tambarare, kamera inazunguka haikati, na katikati Mari ndiye Elektra, yule binti wa hadithi za Kigiriki anayetaka kisasi cha babake. Ukikosea dakika ya tano mnarudia yote. Mwisho kuna helikopta nyekundu, na hapana, haina maelezo. Angalia vile anatembea. Mwalimu wako akikuambia kuigiza ni uso, muonyeshe hiyo.

Hollywood, alicheza kidogo kwa Music Box ya Costa-Gavras ya 1989, Jessica Lange ndiye mkubwa hapo, na wakati Lange anakuja Budapest kutafuta ukweli kuhusu babake, ni Mari anakutana naye. Dakika chache. Zaidi ya hapo alibaki kwao na lugha yake, na mimi nikimsikiza naelewa, kuna kitu anafanya na Kihungaria, anakipunguza sauti mpaka karibu kipotee, sidhani kingevuka kwa lugha ingine.

Binti, mimi ni mzee wa miaka 79, Pangani. Umeandika alicheza mpaka uzeeni. Aliacha lini? – Mzee Hassan

Mzee wangu, shikamoo. Hakuacha. Mwaka 2008 aliugua vibaya sana, akaingia koma, watu kwao wakaanza kujiandaa. Akaamka, akajifunza upya kutembea na kuongea, na akarudi jukwaani. Mumewe Maár alifariki Desemba 2013. Yeye akabaki nyumbani kwao kijiji cha Velem, chini ya milima karibu na mpaka wa Austria, na bado walipomuita alienda.

2017 wakaitengeneza upya Körhinta, picha ikasafishwa, ikaonyeshwa tena Cannes, miaka 61 baada ya ile mara ya kwanza. Na mwaka huo huo ikatoka Aurora Borealis ya Mészáros Márta, dairekta mwanamke ambaye ni wa rika lake. Mari ana miaka 81 hapo. Anacheza mama mzee, Mária, ambaye analetewa barua kutoka Moscow, na hiyo barua inamwangusha, inabidi binti yake aanze kuchimba mambo ambayo mama ameyaficha tangu ujana.

Nilipofika hapo Jumamosi hiyo stima zilipotea tena. Nilikaa gizani nikisubiri, nikimwona bado ameshika ile bahasha.